Masahihisho kwenye flashi

Kuna jambo nimekaa nalo tangu Novemba 2024 bila kuliandika. Kila nikikaa kuandika nakimbilia mengine, mara foleni ya Mbagala, mara vituko vya chumba cha habari. Leo naliandika. Linaanza na gemu, na najua kuna wenzangu wakisikia gemu wanaona ni mambo ya watoto. Vumilieni kidogo, haliishii kwenye gemu.

Nikiwa mwaka wa pili chuoni nilinunua PlayStation 3 ya mtumba Kariakoo, kwa fedha ya bumu (mama akisoma hapa naomba radhi, nilimwambia ni vitabu). Aliyeniuzia alisema imeshachipiwa. Ukweli ni kwamba ndani hakuna chipu yoyote. Kilichofanyika ni kubadilishiwa programu inayoiendesha, lakini mtaani neno la enzi za PlayStation 2 limebaki. Nilipopata ajira gazetini mashine ikapanda juu ya kabati kula vumbi. Mwanzoni mwa 2024 nikaifunga kwenye boksi la mafuta ya kula, nikaipakia kwenye basi la Masasi, kwa binamu yangu, mtoto wa shangazi. Alikuwa amemaliza kidato cha nne, matokeo hayakumpeleka popote, yupo nyumbani anamsaidia mama yake kuokota korosho.

Nilimwekea diski tatu, mbili za mpira na moja ya Skyrim, zote halisi, za mtumba. Nilidhani atacheza mpira tu. Kumbe mpira ukamchosha baada ya wiki mbili maana hakuwa na mtu wa kushindana naye, akahamia Skyrim. Kwa wasioijua, hii ni gemu ya mwaka 2011 ya kampuni ya Bethesda, unazunguka nchi ya baridi yenye majoka, unaongea na watu, unasoma vitabu, unafanya kazi za kutumwa. Haina mwisho wa karibu. Na yote ni kwa Kiingereza. Binamu akachukua daftari, kila neno asilolijua analiandika, jioni anamuuliza mwalimu jirani au anatafuta kwenye kamusi. Nilipokuja kuliona daftari lile lilikuwa limejaa hadi kwenye jalada la nyuma: mhunzi, kiapo, msaliti, hazina, mrithi. Kijana aliyepata F ya Kiingereza.

Baada ya miezi tisa hivi akanipigia simu.

"Kaka, gemu inakufa."

"Inakufaje?"

"Zamani ilikuwa inakimbia. Sasa nikipiga hatua tatu inaganda, nahesabu mpaka kumi ndiyo inaendelea. Nikisevu inachukua muda. Jana imegoma kabisa nikazima kwa kuchomoa waya."

Nikamwambia aanze upya. Akanyamaza. Halafu akasema taratibu, "Kaka, huko ndani nina nyumba." Nikaona nimesema upuuzi.

Nilipoanza kuchimba nikagundua kwamba ugonjwa huo una historia. Skyrim ilitoka tarehe 11 Novemba 2011, na wenye PlayStation 3 wakaanza kulalamika mapema sana. Gemu hii inakumbuka kila kitu ulichokigusa, kikombe ulichoangusha, mlango uliofungua, mtu uliyemuua. Kadiri unavyocheza, faili la kumbukumbu, ile sevu, linanenepa. PlayStation 3 ina kumbukumbu ndogo, megabaiti 256 za kazi na nyingine 256 za picha, basi. Sevu ikinenepa mashine inazidiwa, na picha zinaanza kuganda. Yaani gemu ilikuwa inawaadhibu wale walioipenda zaidi. Aliyecheza saa tano hakuona tatizo. Aliyejenga nyumba ndiye aliyeumia.

Bethesda walitoa masahihisho, vijana tunaita apdeti. Ya kwanza kubwa, 1.2, ilitoka mwishoni mwa Novemba 2011, na ikaja na vituko vyake: majoka yakaanza kuruka kinyumenyume, kinga za uchawi zikaacha kufanya kazi. Ikabidi Desemba itoke 1.3 ya kusahihisha masahihisho. Mimi mtu wa gazeti nilicheka peke yangu, maana nimeshaona tukimwomba mtu radhi kwa kukosea jina lake, na kwenye radhi yenyewe tukalikosea tena. Februari 2012 ikaja 1.4 iliyopunguza sana ule ugonjwa wa kuganda, na zikaendelea mpaka 1.9 ya Machi 2013.

Kwa hiyo dawa ilikuwepo, tena ya bure, kwa zaidi ya miaka 11. Binamu alikuwa anacheza diski ya siku ya kwanza, yenye makosa yote ya siku ya kwanza, kwa sababu mashine yake haijawahi kuonja intaneti. Anakokaa si Masasi mjini, ni mwendo wa bodaboda kutoka barabara kuu, na mtandao upo ukisimama chini ya mwembe wa jirani.

Sasa hapa ndipo penye jambo lililonishangaza. PlayStation 3 ambayo haijaguswa, ile ya halali kabisa, haikubali apdeti ya gemu kwa flashi. Apdeti ya mfumo wa mashine yenyewe inakubali, ya gemu haikubali. Lazima mashine iingie mtandaoni yenyewe ikachukue. Ukiwa huna intaneti, kosa ulilouziwa ndilo utakalokaa nalo. Ile iliyobadilishwa, ambayo mwenye kampuni hataki kuiona, ndiyo yenye kwenye menyu sehemu ya ziada inayoitwa Package Manager, unachomeka flashi, unachagua faili, linasimikwa. Aliyevunja kufuli anapata dawa ya kiwandani bila intaneti, mwenye mashine safi haipati.

Kufuli lenyewe lilivunjwa kwa sababu ya kosa. Desemba 2010 kundi linaloitwa fail0verflow lilisimama kwenye mkutano wa wadukuzi mjini Berlin likaonyesha kwamba Sony, katika kuweka sahihi ya siri kwenye programu zake, walitumia namba ileile kila mara mahali panapotakiwa namba mpya isiyotabirika. Kwa hesabu hiyo ufunguo ukapatikana. Januari 2011 kijana wa Kimarekani, George Hotz, akautoa hadharani. Sony wakamshtaki, wakamalizana nje ya mahakama Aprili mwaka huohuo. Kosa lile halikurekebishika kwa mashine zilizokwisha kuuzwa, ndiyo maana na mimi niliuziwa moja Kariakoo.

Sitaki kujifanya malaika. Najua wengi wanaobadilisha mashine hizi wanataka gemu za bure, na mimi ninayelalamika kila siku kwamba gazeti letu linasambazwa kwenye makundi ya WhatsApp kabla halijafika kwa muuza magazeti sina mdomo wa kuwatetea. Lakini diski ya binamu ilikuwa halisi, na apdeti ni mali ya watengenezaji wenyewe, wanaitoa bure, ipo kwenye seva za Sony. Nilichofanya mimi ni kuwa mtu wa kubeba.

Basi nikapata likizo ya siku sita. Usiku wa kuamkia safari nikapakua faili, nikaifomati flashi kwa mfumo wa FAT32 (PlayStation 3 haisomi ile ya NTFS tuliyoizoea kwenye laptopu), nikaliweka faili juu kabisa, si ndani ya folda. Alfajiri nikapanda basi. Nangurukuru tukasimama kula, Mnazi Mmoja tukaiacha barabara ya Mtwara, jioni nikawa kwa shangazi. Kanga zake mbili nikampa, flashi nikampa kijana. Akanipokea begi kama nimebeba daktari.

Jambo la kwanza tukanakili sevu yake kwenye flashi nyingine. Hili nawasihi wote, kabla ya kugusa chochote nakili sevu. Kisha nikachomeka flashi, nikaingia Package Manager, nikasimika. Mashine ikasema imekamilika. Tukafungua gemu. Kijana akapiga hatua tatu. Ikaganda. Nikamsikia anahesabu kwa sauti ndogo, moja, mbili, tatu.

Nilikaa pale natoka jasho. Saa kumi na kitu barabarani, na dawa haifanyi kazi. Ndipo nikaitoa diski nikaitazama kwa makini. Kila gemu ya PlayStation 3 ina namba yake ya utambulisho. Diski za Ulaya nyingi zinaanza na BLES, za Marekani na BLUS. Ya kwetu ilikuwa BLES. Faili nililobeba kutoka Dar lilikuwa la BLUS. Gemu ni ileile, jina lilelile, picha ya jalada ileile, lakini kwa mashine hao ni watu wawili tofauti. Apdeti ilikuwa imesimikwa vizuri kabisa, kwenye nyumba ya mtu mwingine. Mashine haikulalamika, kwa sababu haikuwa na cha kulalamikia.

Usiku ule nikanunua bando, nikakaa chini ya mwembe wa jirani na laptopu mapajani, mbu wakifanya sherehe, nikapakua upya. Shangazi akaja na kiti cha pili, akakaa nami, kwa maelezo kwamba mtoto wa mtu haachwi nje peke yake usiku hata kama ana ndevu. Tukaongea ya ukoo, ya mvua, ya bei ya korosho. Halafu akasema, kama mtu anayeuliza habari ya kuku:

"Baba, lile la katibu uliandika wewe?"

Nikauliza katibu yupi.

Akanieleza, na nikamkumbuka. Msimu wa 2023 niliandika habari ya upotevu wa fedha kwenye chama kimoja cha msingi cha wakulima wa korosho. Sikuja huku, niliiandika kwa simu nikiwa Dar. Kulikuwa na watu wawili, aliyehojiwa kuhusu fedha, na katibu aliyetoa taarifa ya upotevu. Kwenye habari nikayabadilisha majina. Aliyetoa taarifa nikamfanya mtuhumiwa. Tuligundua keshoye, na siku ya tatu tukachapa masahihisho ukurasa wa pili, mistari minne, chini ya tangazo la kiwanja. Nikaumia siku mbili, kisha nikasahau. Kwangu jambo lilikuwa limeisha.

Huku halikuwa limeisha. Ile habari ya kwanza ilipigwa picha, ikazunguka kwenye simu za watu kata nzima. Mistari minne haikupigwa picha na mtu yeyote. Nani apige picha radhi? Gazeti lenyewe kijijini linafika likiwa limefungia maandazi. Mzee yule alikuwa ameacha ukatibu. Hakufukuzwa, alichoka kutazamwa. Shangazi alijua jina langu kwenye ile habari na muda wote ule hakuwahi kunipigia kuniuliza, aliona labda ndiyo kazi yetu ilivyo.

Faili likamalizika kupakuliwa. Sikumbuki vizuri tulivyorudi ndani. Tukasimika ile ya BLES, na safari hii mashine yenyewe ilipofungua gemu ikaonyesha toleo jipya. Kijana akatembea. Akakimbia. Akaingia mjini, akatoka, akapanda mlima, akageuka kunitazama huku mdomo wazi. Kuna mahali ilikwama kidogo, maana hata 1.9 haiponyi kila kitu kwenye mashine yenye kumbukumbu ndogo hivyo, lakini haikuganda. Akanipeleka kuiona nyumba yake. Ina rafu ya vitabu. Nikasema hongera, lakini akili yangu ilikuwa kwa mzee.

Asubuhi nikaenda mjini kwa bodaboda, nikaingia stesheni, nikafungua kwenye simu ukurasa wa pili wa toleo lile, nikauchapa nakala tano. Mchapaji akaniuliza, hii sehemu ndogo tu? Nikamwambia hiyo hiyo, ikuze. Ilipokuzwa mistari minne ikajaa karatasi nzima, na hapo ndipo nilipoisoma kwa mara ya kwanza kama msomaji. Ilisema gazeti "linasikitika kwa usumbufu wowote uliojitokeza". Haikusema kwamba mzee huyu ndiye aliyetoa taarifa. Yaani tulimtoa kwenye tuhuma bila kumrudishia sifa yake. Nikachukua kalamu, chini yake nikaandika kwa mkono kilichotokea hasa, nikaweka jina langu na sahihi, kwenye kila nakala.

Nilimkuta uani anatengeneza kitanda cha kamba. Nikamwambia shikamoo, akaitikia, nikajitambulisha. Akaendelea na kamba yake kitambo. Nikampa karatasi. Akaisoma yote, pamoja na niliyoandika kwa mkono, taratibu, kidole kikifuata mstari.

"Mwanangu," akasema, "mimi nilijua sikuiba. Hii karatasi unaniletea mimi ya nini?"

Sikuwa na jibu.

"Walioisoma ile ya kwanza wapo pale ghalani. Leo ni siku ya kupima korosho, wapo wengi. Twende."

Tukaenda. Ndugu zangu, nimeshasimama mbele ya mawaziri kuuliza maswali, lakini sijawahi kuhisi miguu mizito kama siku ile mbele ya watu thelathini hivi wamekaa juu ya magunia. Mzee akasema kuna kijana wa gazeti ana neno. Nikasoma. Nikasema nilikosea, nikasema mzee huyu ndiye aliyetoa taarifa, nikasema sikuja huku kabla ya kuandika. Mama mmoja akaniuliza kwa nini sikuja. Nikasema niliona ni mbali. Akasema, "Na leo umekujaje?" Watu wakacheka, na mimi sikucheka maana jibu la kweli lilikuwa kwamba nilikuja kwa ajili ya gemu.

Nakala moja ikabandikwa kwenye ubao wa matangazo wa ghala, moja dukani, moja msikitini, moja mzee akabaki nayo pamoja na kusema hana haja nayo. Ya tano ninayo. Vijana wawili wakaipiga picha ya kwenye ubao, nikawaomba waitume kwenye kundi lilelile lililosambaza ile ya kwanza. Sijui kama imewafikia wote. Ukatibu mzee hakuurudia, na sikutegemea aurudie.

Niliporudi Dar nilimwomba mhariri kitu kimoja, kwamba tukimkosea mtu wa mbali, mwandishi ampigie simu huyo mtu mwenyewe, na masahihisho yatumwe kwa picha kwa walewale waliotupa habari. Alisema ni wazo zuri. Haijawa kanuni, lakini mimi nafanya, na wenzangu wawili wanafanya.

Najua dunia ya gemu inaelekea kwingine. Mwaka 2021 Sony walitangaza kufunga duka la mtandaoni la PlayStation 3, wateja wakapiga kelele, wakabadili uamuzi Aprili mwaka huohuo. Microsoft duka la Xbox 360 walilifunga tarehe 29 Julai 2024. Siku seva za apdeti zitakapozimwa, diski zote za siku ya kwanza zitabaki na makosa yake ya siku ya kwanza, isipokuwa kama kuna mtu aliyehifadhi faili na yuko tayari kulibeba. Mimi ya Skyrim ninayo, zote mbili, ya BLES na ya BLUS.

Binamu hajambo. Mwaka 2025 alijiandikisha kurudia mtihani wa Kiingereza. Daftari la pili ameshalianza.

Wenye mashine kama hii wanaotaka kujaribu: nakili sevu kwanza, flashi iwe FAT32, soma namba kwenye diski kabla ya kupakua, na kama gemu ina apdeti nyingi zifuate kwa mpangilio, maana baadhi hazikubali kurukwa. Wenye zile nyembamba za mwisho zinazotumia HEN, kumbukeni kuiwasha HEN kwanza kila mnapowasha mashine. Na wanahabari wenzangu, someni namba kwenye diski.

Alamsiki.